Samahani na Pole: Kisa cha Mwigizaji wa Nafasi Ndogo katika Filamu za Kigeni

Kisa hiki nakiandika kwa ruhusa ya mwenyewe na ya bintiye, ambaye ndiye aliyenikabidhi faili la karatasi zake. Nimeondoa jina lake, majina ya filamu alizocheza, kampuni zilizomwajiri, nchi zilikotoka kampuni hizo na viwango vya malipo. Humu nitamwita Mzee, kwa kuwa ndivyo alivyoitwa na kila mtu kwenye lokesheni, hata na wale waliomzidi umri.

Ninafundisha vijana uigizaji. Kila muhula huulizwa namna ya kuingia katika filamu za wageni wanaokuja kupiga picha kwetu. Namna ya kudumu humo haiulizwi na mtu. Mzee alidumu miaka 28, kuanzia 1984 hadi 2012, na watazamaji wengi waliomwona hawalijui jina lake. Nilipoyasoma makaratasi yake niligundua kwamba maelezo niliyokuwa nikiwapa wanafunzi kuhusu mafanikio yake yalikuwa na kasoro. Nilikuwa nikisema alidumu kwa sababu ya kipaji na nidhamu. Vyote viwili alikuwa navyo, lakini si hivyo vilivyomweka.

Usuli

Mzee ni mtu wa pwani ya kusini ya Kenya. Alianza kazi akiwa karani, akahamia Nairobi mwishoni mwa miaka ya 1970, akajitokeza kwenye usaili wa michezo ya redio ya Sauti ya Kenya, shirika ambalo mwaka 1989 liligeuzwa kuwa KBC. Walimchukua kwa ajili ya Kiswahili chake. Jioni na wikendi alicheza jukwaani, mara nyingine katika Ukumbi wa Taifa wa Michezo ya Kuigiza, uliofunguliwa mwaka 1952 na ambao bado ndio shule ya kwanza ya waigizaji wengi wa Nairobi.

Redioni mwigizaji hana uso wala vazi. Ana pumzi, na namna ya kuikata sentensi. Miaka sita ya kazi hiyo ilimpa uwezo ambao wengi wa jukwaani hawakuwa nao: aliweza kuusema mstari mmoja mara kumi, kwa urefu uleule na mwendo uleule, na mara ya kumi bado ukawa na uhai. Uwezo huu ni wa maana sana katika kisa hiki.

Kenya ya miaka ya 1980 ilikuwa kituo kikubwa cha kampuni za filamu za Marekani na Ulaya. Zilifuata mbuga, wanyama, mwanga, na hadithi za walowezi. Mwafrika katika hadithi hizo alikuwa mpishi, dereva, mlinzi, mbeba bunduki wa mwindaji. Na pale ilipotokea nafasi kubwa ya Mwafrika, haikuwa lazima imwendee mtu wa hapa. Filamu ya Out of Africa ilipopigwa Kenya mwaka 1985, nafasi ya Farah, mtumishi Msomali ambaye ndiye mhusika mkuu wa Kiafrika katika hadithi hiyo, ilichezwa na Malick Bowens, mzaliwa wa Mali. Alicheza vizuri sana, na simnyimi sifa yake. Nalitaja ili msomaji aone dari ilikuwa wapi: mwigizaji wa Nairobi alijua kabla ya usaili kwamba anagombea mistari mitano, pengine kumi.

Kampuni ya nje ilihitaji leseni ya kupiga picha chini ya Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, Sura ya 222, na kwa kawaida ilipitia kampuni ya hapa nchini iliyoshughulikia vibali, magari, wapishi na waigizaji wadogo. Kwa hiyo mkataba wa Mzee mara nyingi ulikuwa na kampuni hiyo ya hapa. Ukurasa mmoja, kwa Kiingereza, malipo ya mkupuo. Filamu ikiisha, aliyesaini naye hana tena mamlaka yoyote juu ya filamu hiyo.

Yaliyotokea

Kazi ya kwanza, 1984, ilikuwa ya siku mbili. Alimfungulia mzungu mlango wa gari na kusema maneno matatu. Malipo yake yalizidi ya miezi mitatu ya redio. Asijidanganye mtu kuhusu sababu ya Mzee kuendelea: alikuwa na watoto wanne.

Kazi iliyobadilisha mambo ilikuja Julai 1987, pwani, kwenye kijiji cha wavuvi. Safari hii alipewa nafasi ya nahodha wa jahazi: siku 11, mistari 14 ya Kiswahili na mitano ya Kiingereza. Skripti ilikuwa imetafsiriwa ughaibuni, neno kwa neno, na mtu aliyekijua Kiswahili cha vitabuni. Katika tukio zito kuliko yote, nahodha anakwenda kumpasha mke wa mvuvi habari ya kifo cha mumewe. Mstari uliandikwa hivi: “Samahani, mama. Bahari imemchukua mume wako.”

Mzee alimwendea msaidizi wa kwanza wa mwongozaji akamweleza kwamba Kiingereza kina neno moja pale ambapo sisi tuna mawili. Aliyekosa husema samahani. Anayemhurumia mwenzake husema pole. Nahodha akisimama mlangoni pa mjane na kusema samahani, kila Mswahili ukumbini atadhani yeye ndiye aliyemzamisha yule mvuvi. Tena nahodha mtu mzima hatamki habari ya msiba akiwa amesimama nje. Atapiga hodi, atakaribishwa, atakaa, na pengine mwenye nyumba ataijua habari kwa jinsi alivyokaa.

Mwongozaji alisikiliza. Akaondoa nusu ya maneno. Katika filamu iliyotoka, nahodha anapiga hodi, hakuna jibu. Anapiga tena, mwanamke anatokea, anamtazama, anakaa chini mwenyewe kabla hajaambiwa lolote. Ndipo nahodha anaposema: “Pole, mama. Tumeondokewa.” Hilo ndilo tukio ambalo watu huikumbukia filamu ile.

Baada ya siku hiyo Mzee aliombwa aitazame mistari ya wengine. Usiku mbili, kwenye meza ya hoteli, alirekebisha mistari zaidi ya 60 ya Kiswahili. Aliondoa “Jambo” zote ambazo vijana waliwaambia wazee, akaweka “Shikamoo”. Aliwanyang'anya wavuvi lugha ya karani. Malipo ya kazi hiyo yalikuwa kushikwa mkono mbele ya watu na chupa ya mvinyo, ambayo, kwa kuwa hanywi, aliwapa madereva.

Julai pwani ni msimu wa kusi. Upepo ulipiga makuti na matanga mchana kutwa, na fundi sauti alilalamika kila siku kwamba maneno yanamezwa. Mzee alilisikia lalamiko hilo na hakulitilia maanani. Hakujua lina uhusiano gani na yeye.

Mwaka uliofuata filamu ilionyeshwa Nairobi. Alikwenda na mkewe na nduguye. Nahodha alitokea, akapiga hodi, akafungua kinywa, na ikatoka sauti ya mtu mwingine. Kwa kuwa sauti ya kijijini ilikuwa imeharibiwa na upepo, mistari yote ya nahodha ilirekodiwa upya studioni huko ng'ambo, na mtu aliyekuwa karibu. Huyo mtu alikuwa na Kiswahili cha kuazima. Katika “tumeondokewa” mkazo aliuweka kwenye “on”, pahali ambapo hakuna mzungumzaji wetu anayeuweka. Mkewe Mzee alimshika mkono gizani. Nduguye, kwa nia njema, alimwuliza kama alikuwa na mafua siku ile.

Alikwenda kwenye kampuni ya hapa iliyomsainisha. Wakamwonyesha kifungu: mtayarishaji anaruhusiwa kutumia, kubadilisha au kuacha kutumia sauti ya mwigizaji. Sahihi ilikuwa yake. Alikuwa ameiweka saa kumi na moja alfajiri ya siku ya kwanza, tayari amevalishwa kanzu ya nahodha, gari likingoja.

Pigo la pili lilikuwa la fedha. Mapema mwaka 1993 alisaini kazi ya miezi kadhaa, malipo kwa shilingi, sehemu kubwa kulipwa mwishoni. Wakati wa kusaini dola moja ilikuwa chini ya shilingi 40. Mwaka huo shilingi ilianguka vibaya, na kufikia Desemba dola ilikuwa imepita shilingi 65. Mtayarishaji alilipa kila senti iliyoandikwa, kwa wakati, na hakuvunja ahadi yoyote. Bajeti yake ilikuwa ya dola. Tofauti yote ilibaki upande wake.

Kisha ukaja ukame. Baada ya 1994 kampuni nyingi zilianza kuelekea Afrika Kusini, ambako kulikuwa na studio, vifaa vya kukodi na mafundi wengi. Hata hadithi zetu zilihamia huko: filamu ya The Ghost and the Darkness ya mwaka 1996, inayosimulia simba wala watu wa Tsavo waliowashambulia wajenzi wa reli mwaka 1898, ilipigwa Afrika Kusini. Kati ya 1995 na 2000 faili la Mzee lina kazi mbili tu, zote za siku moja.

Maamuzi na sababu zake

Mwaka 1996 alikuwa na njia tatu. Mwenzake mmoja alimwita Johannesburg. Jamaa mwingine alikuwa tayari kumpokea London, ambako waigizaji wa Kiafrika walipata kazi za televisheni. Au abaki. Alibaki, na sababu aliyonipa ni ya kimapato: Johannesburg na London angekuwa Mwafrika mmoja kati ya wengi, tena mgeni, ilhali Nairobi alikuwa na kitu ambacho wengine hawakuwa nacho kwa kiwango chake. Wakati huo hakuwa bado na jina la kitu hicho.

Ili apate riziki alianza kuwafundisha wageni Kiswahili: wamisionari, wafanyakazi wa ubalozi, watu wa mashirika. Ninaiona hii kuwa miaka muhimu zaidi ya maisha yake ya filamu, ingawa hakukuwa na kamera. Alijifunza kinywa cha mgeni kinavyokwama. Mzungumzaji wa Kiingereza akikutana na “mbwa” huchomeka irabu mbele, husema “umbwa”. Mzee alimfunga midomo, akamfanya avume kama nyuki, kisha aiachie ghafla. Kwa “ng'ombe” aliwaanzisha na mwisho wa neno la Kiingereza lenye sauti hiyohiyo, akawaambia waukate mwanzo wake wabaki na mkia. Mgeni aliyeshindwa mwezi mzima na mwalimu wa kitabu aliweza kwa Mzee kwa wiki.

Uamuzi wa pili aliufanya mwaka 2001. Kampuni ya nje ilirudi Kenya, ikampa nafasi ya mlinzi, siku tatu. Aliisoma skripti, akaona Kiswahili chake kimeoza, na akaomba mikataba miwili: mmoja wa kuigiza, mwingine wa lugha. Ombi alilipeleka kwa meneja wa utayarishaji wa hapa, wiki moja kabla ya kupiga picha. Akajibiwa kwamba bajeti imefungwa. Alipozidi kushikilia, nafasi ya mlinzi akapewa mtu mwingine, na filamu ikatoka na Kiswahili chake kibovu vilevile. Kwa miezi kadhaa waliokuwa wakimpigia simu hawakupiga.

Mimi nilikuwa upande wa pili wa meza katika miaka ile, nikifanya kazi ya kutafuta waigizaji wadogo kwa ajili ya kampuni ya aina hiyo. Sikumnyima kazi ile, lakini niliwasainisha wengine karatasi ileile ya ukurasa mmoja, alfajiri, wakiwa wameshavaa mavazi. Hakuna aliyeniomba asubiri asome, na mimi sikumwambia yeyote kwamba ana haki ya kusubiri.

Uamuzi wa tatu ulikuwa wa 2002, na ndio unaonifanya niandike. Kampuni nyingine ilimtumia skripti nzima ajiandae kwa usaili, miezi minne kabla ya kupiga picha. Mzee hakuomba chochote. Alizichukua kurasa 10 za kwanza, akasahihisha kila mstari wa Kiswahili kwa wino mwekundu, na pembeni akaeleza kwa Kiingereza kifupi mtazamaji wetu ataelewa nini akiusikia mstari ulivyo. Kwenye ukurasa wa 10 akaacha. Chini yake aliandika kwamba zilizobaki anaweza kuzifanya kwa mkataba, pamoja na kuwafundisha waigizaji wa kigeni matamshi, na akataja bei yake kwa siku, kwa dola. Bahasha haikwenda kwa kampuni ya hapa. Alimpa mwongozaji mkononi siku ya usaili.

Katika filamu ile aliigiza siku 4. Kazi ya lugha ilikuwa wiki 7.

Matokeo

Faili lina kazi 23. Nane kati ya hizo ni za baada ya 2002, na katika sita alilipwa kwa lugha. Kwa hesabu ya bintiye, ambaye ndiye aliyeweka vitabu vyake, lugha ilileta fedha nyingi kuliko uigizaji wote wa miaka iliyotangulia. Nafasi zake za kuigiza nazo zilikua, kwa sababu inayoeleweka: mtu aliyeko lokesheni kila siku kwa wiki saba humjua mwongozaji, na mwongozaji akitafuta mtu wa kulishika tukio jipya lililoandikwa jana usiku, atamtazama aliye karibu. Mara mbili aliandikiwa tukio hivyo.

Upande wa jina hali ni ya kusikitisha. Katika kazi 23, wahusika wake waliokuwa na jina ni watano. Waliobaki ni Mlinzi, Mpishi, Dereva wa Pili, Mzee wa Kijiji. Jina lake mwenyewe limo katika orodha ya mwisho ya filamu 12, kwa tahajia tatu tofauti, na kwa sababu hiyo hifadhi za filamu za mtandaoni zinamhesabu kuwa watu watatu. Mmoja wao ana filamu moja tu. Kijana anayetaka kujua Mzee alifanya nini hawezi kujua bila faili hili.

Baada ya malipo ya mkupuo hakupata hata shilingi. Filamu ya nahodha imeonyeshwa kwenye televisheni za nchi nyingi, ikauzwa kwa kanda, kisha kwa diski.

Uchambuzi

Wengi waliomfahamu husema bahasha ya 2002 ilifaulu kwa sababu ya ujasiri. Ujasiri alikuwa nao 2001 pia, na ulimgharimu kazi. Ukiziweka mara hizo mbili bega kwa bega, tofauti iko mahali pengine. Mara ya kwanza aliomba baada ya bajeti kufungwa, kwa mtu asiye na mamlaka ya kuifungua, na alichokiomba hakikuonekana: meneja hakijui Kiswahili kibovu kinavyosikika, kwa hiyo kwake yalikuwa madai tu. Mara ya pili alifika kabla ya fedha kugawanywa, kwa mtu anayeumia filamu ikichekwa, akiwa na kurasa 10 mkononi. Mwongozaji alisoma maelezo ya “samahani” na “pole” akaona mwenyewe shimo alilokuwa analielekea.

Nimeshauriana na waigizaji kadhaa kuhusu zile kurasa 10. Wapo wanaosema ni kazi ya bure kama ile ya 1987. Sikubaliani nao. Ya 1987 haikuwa na mwisho. Alitoa mpaka wakatosheka. Hizi alizihesabu yeye, akazitoa akijua zinafika wapi, na akaandika bei chini yake. Hata hivyo ninakubali kwamba njia hii inamfaa mtu ambaye jina lake limeshatajwa mezani. Kijana wa usaili wa kwanza akileta wino mwekundu anaweza kuonekana mjuaji, na sina jibu zuri kwake zaidi ya kumwambia aanze na ukurasa mmoja.

Kuna jambo jingine ambalo Mzee aliliona mapema kuliko sisi tuliokuwa kwenye biashara. Watazamaji wa Kiswahili walikuwa wakiongezeka. Filamu ya Kijerumani Nirgendwo in Afrika, iliyopigwa Kenya na kushinda Oscar ya filamu bora ya lugha ya kigeni mwaka 2003, ilimpa Mkenya Sidede Onyulo nafasi nzito ya mpishi Owuor, na Kiswahili ndani yake kinasemwa kama lugha ya watu wanaoishi, wanaotaniana na kugombana. Baada ya hapo mwongozaji makini hakuweza kudai kwamba Kiswahili ni kelele za nyuma ya mandhari. Mzee alizitumia hoja za aina hii katika mazungumzo, kwa upole sana.

Kuhusu malipo ya baadaye, nataka vijana waelewe kwamba tatizo halikuwa uzembe wake peke yake. Waigizaji wa Hollywood walipata malipo ya marudio ya filamu baada ya mgomo wa chama chao mwaka 1960. Mkataba uliotokana na mgomo huo uliwalinda wanachama wao. Mtu aliyeajiriwa Mombasa kwa karatasi ya kampuni ya Nairobi hakuwa ndani yake, hata kama alisimama bega kwa bega na mwanachama katika tukio moja. Mkataba wa kimataifa wa Roma wa mwaka 1961, unaolinda haki za wasanii wanaotumbuiza, nao una kifungu cha 19: mwigizaji akishakubali kuingizwa kwenye picha za filamu, ulinzi aliopewa na kifungu cha 7 unakoma. Mwanamuziki alibaki na kitu. Mwigizaji wa filamu alibaki mikono mitupu. Ilichukua hadi mwaka 2012 kwa mataifa kukubaliana Beijing juu ya mkataba mpya wa haki za waigizaji wa filamu na televisheni, na hadi Aprili 2020 kwa mkataba huo kuanza kutumika. Mzee alikuwa ameshastaafu miaka minane.

Lakini yapo aliyoweza kuyafanya na hakuyafanya. Angeweza kudai malipo kwa dola tangu mwanzo, kwa kuwa waliomwajiri walihesabu kwa dola. Angeweza kuandika jina lake kwa herufi kubwa kwenye kila mkataba na kuomba liandikwe hivyo mwishoni mwa filamu. Kifungu hicho hakimgharimu mtayarishaji chochote, na ningekipigania kabla ya fedha. Hakuwa na wakala, na hakuwahi kuomba nakala ya kazi yake hata moja. Na bei yake ya lugha aliificha. Nilipomwuliza kwa nini hakuwaambia wenzake wa rika dogo, alinyamaza kitambo, akasema, “Mwanangu, niliogopa watasema bei ya chini.” Hofu hiyo naielewa. Matokeo yake ni kwamba wanafunzi wangu wanaombwa leo, na kampuni zinazorekodi mfululizo wa televisheni, wasaidie “kidogo tu” upande wa Kiswahili, na hawajui kwamba mtu wa kwetu alishalipwa kwa kazi hiyo miaka zaidi ya ishirini iliyopita.

Limebaki suala la sauti, ambalo kwangu ndilo kosa kubwa kuliko yote, na halikuwa na ulazima. Kifungu kilichomruhusu mtayarishaji kubadili sauti ni cha kawaida, na sitarajii mwigizaji mdogo afaulu kukifuta. Kinachowezekana ni kukiongezea sentensi moja: ikihitajika kurekodi upya, mwigizaji aitwe kwanza, na arekodi katika studio iliyo karibu naye. Mtayarishaji wa 1987 hakumchukia Mzee. Alikuwa na tarehe ya kumaliza filamu, na hakukuwa na neno lolote kwenye karatasi lililomkumbusha kwamba nahodha ana simu. Mikataba yote ya Mzee ya baada ya 2002 ina sentensi hiyo, imeongezwa kwa mkono pembeni, na imesainiwa na pande zote mbili. Ilitumika mara moja, mwaka 2006.

Siku bintiye aliponikabidhi faili, tuliiweka ile filamu ya nahodha kwenye televisheni ya sebuleni. Wajukuu walikuwepo. Ulipofika mlango wa mjane, Mzee aliomba rimoti akazima sauti. Nahodha alipiga hodi, na Mzee, ameketi kwenye kiti chake, akasema “Hodi”. Akangoja. Nahodha akapiga tena, naye akasema tena. Mwanamke akakaa chini. “Pole, mama. Tumeondokewa.” Niliutazama mdomo wa kwenye kioo na kumsikiliza wa kwenye kiti, na sikuona mwanya kati yao. Ilikuwa imepita miaka 30 na ushei, na alikuwa hajafanya mazoezi. Mwaka ule wa 1988, studio za redio alizokuwa akirekodia kila Jumanne zilikuwa mwendo wa robo saa kwa miguu kutoka nyumbani kwake.